Mwalimu wa Musimu: Ahmad bin Majid Baina ya Historia na Hadithi

Mnamo mwaka 1854, Mwingereza Richard Burton alipokuwa akiondoka Aden kwa chombo kuelekea pwani ya Wasomali, mabaharia wake walisoma Fatiha kwa ajili ya Sheikh Majid, ambaye waliamini kuwa ndiye mvumbuzi wa dira. Burton aliliandika jambo hilo kama kioja kidogo cha safari, kisha akaendelea na mengineyo. Hata hivyo, Fatiha hiyo ni ushahidi wenye uzito kwa mtafiti wa historia ya Bahari ya Hindi. Yaonyesha kwamba zaidi ya miaka mia tatu na hamsini baada ya kufa kwake, mwandishi wa mashairi ya uanamaji aliyezaliwa Julfar, mahali ambapo leo ni Ras al-Khaimah, alikuwa amegeuka kuwa mlezi wa mabaharia wote, mtu wa kuombewa dua kabla ya tanga kupandishwa. Dira hakuivumbua yeye. Baylak al-Qibjaqi aliieleza sindano ya sumaku inayoelea majini katika kitabu alichokiandika mwaka 1282, takriban miaka mia moja na hamsini kabla ya Ahmad bin Majid kuzaliwa. Lakini mabaharia wa Burton hawakuwa wakisoma historia. Walikuwa wakimtaja mkuu wao.

Kwa hiyo mtu huyu ana maisha mawili. Yapo maisha ya Shihabuddin Ahmad bin Majid, mwalimu wa vyombo wa karne ya 15, ambayo yanapatikana kwa kuyasoma maandishi yake mwenyewe. Tena yapo maisha ya kiongozi wa kubuniwa, ambayo yalianza kutungwa Makka katika karne ya 16, yakakamilishwa Paris katika karne ya 20, na ambayo ndani yake mtu mmoja aliyelewa anawafungulia Wareno mlango wa Bahari ya Hindi. Maisha haya ya pili ndiyo yanayojulikana zaidi. Yanahusu pwani ya Kenya moja kwa moja, kwa sababu mlango huo unasemekana ulifunguliwa Malindi.

Mtu halisi kwanza. Bin Majid alizaliwa katika ukoo wa waalimu wa bahari, si ukoo wa wafanyabiashara wala wa watawala. Babu yake alikuwa mwalimu wa Bahari ya Sham. Baba yake, aliyeitwa rubani wa bara mbili kwa kuwa alizijua pwani zote mbili za bahari hiyo, alitunga urjuza ya beti zaidi ya elfu moja kuhusu njia zake. Mwana naye aliipitia kazi ya baba, akasema waziwazi kwamba aliisahihisha kwa mazoea yake mwenyewe ya takriban miaka arobaini. Mnamo mwaka 1462 alikamilisha *Hawiya*, utenzi mrefu wa kanuni za elimu ya bahari. Kitabu chake kikubwa cha nathari, *Kitab al-Fawa'id*, kilitoka mikononi mwake yapata mwaka 1490, nacho kimegawanywa katika mafunzo 12. Mbali na hivyo alitunga mashairi mengi ya njia, likiwemo lile la Sofala ambalo linapita katika bandari za pwani ya Waswahili.

Unyenyekevu haukuwa miongoni mwa sifa zake. Aliwataja waalimu watatu waliomtangulia, Muhammad bin Shadhan, Sahl bin Aban na Layth bin Kahlan, akawaita simba, kisha akajiita mwenyewe simba wa nne. Na hata hao simba watatu hakuwaacha salama: alisema walikuwa wakusanyaji wa maneno ya watu wengine, wala hawakusafiri mbali kupita njia ya Siraf hadi pwani ya Makran. Katika *Fawa'id* aliwapanga waalimu katika daraja tatu. Wa chini ni yule anayekwenda na kurudi, mara akapatia, mara akakosea. Wa kati anajulikana kwa ujuzi wake, ila akishakufa husahauliwa. Wa juu ni yule asiyefichikiwa na jambo la bahari, naye huandika vitabu ambavyo watu hufaidika navyo akiwa hai na hata akiwa kaburini. Msomaji hahitaji kuambiwa mwandishi alijiweka katika daraja ipi.

Je, waalimu hawa walikuwa chama? Si chama kwa maana ya mafundi wa miji ya Ulaya ya zama zile, wenye nyumba yao ya mikutano na mhuri wao. Lakini walikuwa na takriban kila kitu kingine: elimu iliyopitishwa kutoka kwa baba hadi kwa mwana au kutoka kwa bwana hadi kwa mwanagenzi, lugha yao, vyombo vyao, vyeo vyao, na adabu iliyomtenga mwalimu na nahodha. Nahodha alikuwa mwenye chombo au wakili wa mwenye chombo. Serahangi alisimamia watu na kamba. Mwalimu ndiye aliyejua chombo kiko wapi na ni siku gani ya mwaka. Mambo hayo mawili, mahali na siku, kwake yalikuwa jambo moja.

Hapa inafaa kukaa kidogo, kwa kuwa bila kuielewa hesabu ya wakati ya waalimu hawa haiwezekani kuelewa kwa nini mtu wao aligeuzwa kuwa shujaa wa hadithi. Safari katika Bahari ya Hindi haikutawaliwa na umbali. Ilitawaliwa na tarehe. Neno *musimu*, ambalo Kiswahili kililipata kutokana na Kiarabu *mawsim*, asili yake ni wakati uliowekewa alama, wakati wa miadi. Wareno walilichukua neno hilohilo wakalifanya *monção*, na kutokana nao likaenea katika lugha za Ulaya likiwa jina la upepo. Katika mabadiliko hayo maana yake ya kwanza ilipotea. Kwa mwalimu, musimu haukuwa upepo, bali ilikuwa siku ambayo upepo huo unaweza kutumiwa. Kaskazi ikianza kuvuma vyombo vya Arabuni na Bara Hindi huteremka Afrika ya Mashariki. Kusi ikianza hurudi. Baina yake yapo malelezi, na kipo kipindi ambacho kusi huwa kali mno hata bandari za magharibi ya Bara Hindi hufungwa. Chombo kilichokosa siku zake hakikuchelewa kwa juma moja au mawili. Kilichelewa kwa nusu mwaka, mali yake ikioza au ikiliwa na gharama za bandari.

Sasa, siku hizo zingehesabiwa kwa kalenda gani? Kalenda ya Kiislamu haifai kwa kazi hiyo, kwa sababu mwaka wake wa mwezi mwandamo ni mfupi kwa takriban siku 11 kuliko mwaka wa jua, na miezi yake huzunguka katika majira yote. Waalimu wa bahari walitumia mwaka wa Nairuzi, wenye asili ya Uajemi, ulio na siku 365 kamili. Walizihesabu siku mfululizo kuanzia siku ya kwanza hadi ya mwisho, na tarehe za kung'oa nanga zikatajwa kwa nambari: siku ya kadha wa kadha ya Nairuzi, toka Aden, siku ya kadha wa kadha, usitoke. Waswahili wanaijua hesabu hiyo kwa ndani. Mwaka wao wa mabaharia na wakulima ni huohuo wa Nairuzi, umegawanywa katika miongo 36 ya siku kumi kumi, na siku tano za ziada mwishoni. Siku ya Mwaka, ambayo huko Makunduchi katika kisiwa cha Unguja husherehekewa kwa Mwaka Kogwa mnamo mwezi wa Julai, ni mabaki ya kalenda hiyo. Watu wa leo wanaoitazama sherehe hiyo aghalabu huiona kuwa ni ngoma na mchezo wa kupigana kwa migomba, nayo kwa hakika ni hivyo pia. Lakini kwanza ilikuwa saa ya pwani nzima.

Saa hiyo ilikuwa na kasoro. Mwaka wa siku 365 bila siku ya nyongeza huteleza kwa siku moja kila baada ya miaka minne. Baina ya *Hawiya* na *Fawa'id*, yaani katika muda wa miaka 28, majedwali ya Bin Majid mwenyewe yalikwisha kusogea kwa siku saba. Majedwali ya babu yake, kwa kukadiria miaka sitini, yalikuwa yameteleza kwa nusu mwezi. Mwanagenzi aliyekariri tarehe za babu yake kwa moyo na kuzifuata kwa uaminifu angekipeleka chombo baharini wakati usiofaa, na kila mwaka uaminifu wake ungezidi kumpotosha. Ndiyo maana mwalimu wa kweli alipaswa kuirudisha kalenda mahali pake kila kizazi, kwa kuangalia kuchomoza kwa nyota na vituo 28 vya mwezi angani. Ukali wa Bin Majid dhidi ya wale simba watatu, na hata dhidi ya baba yake, unaeleweka vizuri zaidi ukitazamwa kwa njia hii. Majivuno yamo, lakini limo pia jambo la ufundi: katika elimu hii anayenakili tu anakosea.

Nao muda wa safari yenyewe ulipimwa kwa *zam*, yaani saa tatu za mwendo, nane kwa usiku na mchana. Zam ilikuwa kipimo cha wakati na papo hapo kipimo cha njia, kwa maana umbali wa bandari mbili ulitajwa kwa idadi ya zam. Neno hilo Kiswahili kinalo hadi leo katika umbo la *zamu*. Muuguzi aliye zamu hospitalini na mlinzi anayesubiri zamu yake iishe wanatumia kipimo cha mwalimu wa jahazi. Kimo cha nyota kilipimwa kwa *isba*, yaani kidole, ambapo duara nzima la mbingu lilihesabiwa kuwa na vidole 224. Kifaa chenyewe kilikuwa ubao mdogo wenye uzi. Fundo za uzi zilishikwa kwa meno, jicho likalinganisha upeo wa bahari chini na nyota juu.

Kwamba ufundi huu haukuwa mapambo, yathibitishwa na msafara mmoja ambao ulivuka bahari hiyo mara mbili, kwanza ukiwa na mwalimu na kisha bila mwalimu. Vasco da Gama aliondoka Malindi tarehe 24 Aprili 1498, kusi ikiwa inaanza. Pwani ya Bara Hindi ilionekana tarehe 18 Mei. Shajara ya safari iliyoandikwa na mmoja wa watu wake yasema kwamba walikaa siku 23 bila kuona nchi kavu. Mwezi wa Oktoba mwaka huohuo walianza kurudi kwa shauri lao wenyewe, wakitoka kisiwa cha Anjediva tarehe 5, kabla kaskazi haijasimama. Walitangatanga katika shwari na pepo za mbisho kwa muda wa karibu miezi mitatu. Ugonjwa wa fizi ukawashika, na shajara yataja vifo vya watu 30 katika kivuko hicho. Walipofika Malindi tarehe 7 Januari 1499 mabaharia walikuwa wachache mno kuendesha merikebu zote, na baada ya siku chache mojawapo ilichomwa moto na watu wake kugawiwa merikebu nyingine. Maji ni yaleyale. Siku 23 zilikuwa siku za mwalimu; siku zile karibu tisini zilikuwa za watu walioijua njia lakini hawakuijua tarehe. Kama kuna maana yoyote ambayo kwayo kundi la watu liliweza kuukunja na kuukunjua wakati, basi ni hii, wala haikuhitaji uchawi.

Ni nani aliyekuwa mwalimu wa safari ile ya kwanza? Swali hili ndilo lililozaa kiongozi wa kubuniwa.

Shajara ya Wareno haimtaji kwa jina. Yaeleza kwamba mfalme wa Malindi, ambaye alikuwa na uhasama na Mombasa, alikawia kumtoa mtu wa kuwaongoza, na kwamba tarehe 22 Aprili da Gama alimzuia mjumbe wake melini mpaka mtu huyo aletwe. Alipoletwa, mwandishi wa shajara alisema kuwa ni Mkristo. Neno hilo halina uzito mkubwa, kwa sababu Wareno wa mwaka 1498 waliwadhania Wahindu wote kuwa ni Wakristo, na Malindi walikuta vyombo vya wafanyabiashara kutoka Bara Hindi. Wanahistoria wa Kireno wa katikati ya karne ya 16 ndio walioleta jina. Castanheda amwita Canaca, naye kwake ni mtu wa Gujarati. Barros, aliyechapisha juzuu lake la kwanza mwaka 1552, asema Malemo Cana, Mwislamu wa Gujarati. Kwa Damião de Góis ni Malemo Canaca.

Mwenye sikio la Kiswahili hahitaji msaada mkubwa kutambua neno *malemo*. Ni *mu'allim* wa Kiarabu, ambaye pwani hii ni mwalimu au maalimu, na katika lugha ya mabaharia wa Gujarati na Kach ni *malam*. Haiwezekani kusema kwa uhakika kama Wareno walilisikia kutoka kwa watu wa mji wa Malindi au kutoka kwa mabaharia wa Kihindi waliotia nanga hapo; matamshi yote mawili yangeweza kuzaa umbo la Barros. Neno la pili laelekea Sanskriti, ambamo *ganaka* ni mtu wa hesabu za nyota, mnajimu. Basi Malemo Canaca si jina la mtu hata kidogo. Ni cheo kilichotajwa mara mbili kwa lugha mbili, kana kwamba mtu wa Malindi alipoulizwa huyu ni nani alijibu, huyu ni mwalimu, mtu wa hesabu za nyota. Wareno wakaandika jibu hilo kuwa ndilo jina lake. Jambo la namna hii limetokea mara nyingi pale ambapo mgeni ameandika majina kabla ya kujifunza lugha.

Mfaransa Gabriel Ferrand, mtaalamu ambaye mchango wake katika uwanja huu hauwezi kupuuzwa, aliliona hilo. Yeye ndiye aliyechapisha katika miaka ya 1920 picha za miswada ya Paris iliyo na kazi za Bin Majid na za Sulaiman al-Mahri, na bila yeye wataalamu waliofuata wasingekuwa na cha kusoma. Lakini baada ya kuonyesha kwamba Malemo Canaca ni cheo, alijiona analazimika kukitafutia cheo hicho mwenyewe. Mwaka 1922 alimtangaza. Alimpata katika *al-Barq al-Yamani*, historia ya ushindi wa Waturuki nchini Yemen iliyoandikwa Makka katika miaka ya 1570 na Qutbuddin al-Nahrawali.

Maneno ya Nahrawali yanastahili kupimwa kwa makini. Asema kwamba Wafaranji walikuwa wakipita njia ngumu ya kusini na kuangamia, wala hakuna aliyefika Bahari ya Hindi, mpaka baharia hodari aitwaye Ahmad bin Majid alipowaonyesha njia. Mkuu wao, ambaye amwita al-Milandi, alifanya urafiki naye, akanywa naye, na mwalimu alipolewa akamwambia siri: msiukaribie ufuo mahali hapa, ingieni katika bahari kuu kisha mrudi. Jina al-Milandi limewahadaa wengine wakadhani linahusu Malindi, lakini ni *almirante*, yaani amiri wa bahari, lililopinda katika kinywa cha Mwarabu. Hapa pia cheo kimefanywa kuwa jina. Hadithi nzima basi ni mkutano wa watu wawili wasio na majina yao halisi, Bwana Amiri na Bwana Mwalimu, na katikati yao kikombe cha mvinyo.

Nahrawali aliandika takriban miaka themanini baada ya tukio. Wareno, ambao hawakuwa na sababu ya kuficha ulevi wa Mwislamu, hawautaji. Siri yenyewe iliyotolewa haikuwa siri, kwa kuwa kila chombo cha Gujarati kilichokuwa Malindi mwezi ule kilijua kwamba njia ya Bara Hindi hupita bahari kuu. Na Barros ana maelezo yanayoonekana kuufunga mjadala, ingawa yeye mwenyewe hakujua kwamba kungekuwa na mjadala. Asema kwamba da Gama alimwonyesha mwalimu yule astrolabu yake kubwa ya mbao, akitarajia ashangae, mwalimu hakushangaa. Akaeleza kwamba waalimu wa Bahari ya Sham hutumia vyombo vya shaba kupimia jua na nyota, lakini yeye pamoja na mabaharia wa Kambaya na wa Bara Hindi yote hutumia kifaa cha mbao tatu. Msemaji huyo anawataja waalimu wa Bahari ya Sham kuwa watu wengine. Bin Majid alikuwa mwana na mjukuu wa waalimu wa Bahari ya Sham.

Pia yupo Sidi Ali, amiri wa Kituruki aliyepigana na Wareno na akashindwa, ambaye mwaka 1554 akiwa Ahmadabad huko Gujarati aliandika *Muhit*, kitabu cha uanamaji kilichojengwa juu ya kazi za Bin Majid na za Sulaiman al-Mahri. Alimsifu Bin Majid kuwa wa kuaminiwa kuliko wote. Mtu aliyepoteza merikebu zake mbele ya Wareno asingekuwa na sababu ya kumpamba kwa sifa hizo mtu anayejulikana kuwa aliwaleta.

Mnamo mwaka 1957 Theodor Shumovsky alichapisha mashairi matatu ya Bin Majid kutoka katika mswada wa Leningrad, mji ambao leo ni Saint Petersburg. Mojawapo ni lile la Sofala, na ndani yake zimo beti zinazowataja Wafaranji waliofika Kalikut na dhuluma walizozifanya. Wapo walioona hapo majuto ya mtu aliyeungama. Usomaji huo umelazimishwa. Beti zile zinasikitika, lakini kila mtu mwenye chombo katika bahari ile alikuwa na sababu ya kusikitika baada ya mwaka 1500, na Ibrahim Khoury ametilia shaka kwamba zote ni za Bin Majid mwenyewe. G. R. Tibbetts, ambaye tafsiri yake ya *Fawa'id* ya mwaka 1971 bado ndiyo nguzo ya uchunguzi huu, hakuona sababu ya kutosha ya kumweka Bin Majid katika merikebu ya da Gama. Wakati huo alikuwa mzee wa zaidi ya miaka sitini, na katika maandishi yake yote hakuna mstari ambamo yeye, mtu asiyesahau kujisifu, adai kazi hiyo au aikane.

Kwa nini basi hadithi imeshinda ushahidi? Sehemu moja ya jibu ni kwamba ilimfaa kila mtu kwa njia yake. Kwa Nahrawali, ambaye ukoo wake ulitoka Gujarati kama jina lake la Nahrawala linavyoonyesha, balaa la Wareno lilihitaji sababu ambayo Mungu angeiadhibu, na pombe ni sababu iliyo tayari. Kwa wasomi wa Ulaya ilipendeza kwamba mwanamaji wao mashuhuri aliongozwa na mwanamaji mashuhuri mwenzake. Simba kwa simba. Waandishi wa Kiarabu wa karne ya 20 waligawanyika, wengine wakiona fahari kwamba Mwarabu alimfundisha Mreno, wengine wakiona aibu kwa jambo lilelile. Wote wamekubaliana katika sharti moja, kwamba lazima awe mtu mmoja, mkubwa, mwenye jina.

Sharti hilo lina gharama yake, na inayolipa ni pwani. Bin Majid akiwekwa Malindi, Malindi yenyewe inageuka kuwa gati tu, mahali ambapo watu wawili wakubwa kutoka kwingine walikutana. Akiondolewa, yanabaki mambo ambayo shajara inayasema wazi: mji uliokuwa na siasa yake dhidi ya Mombasa, mfalme aliyepima faida ya kutoa mwalimu na hasara ya kumnyima, mjumbe aliyezuiwa, bandari yenye vyombo vya Bara Hindi na watu wa kutosha walioijua tarehe ya kung'oa nanga kiasi kwamba ilichukua siku mbili tu kumpata mmoja wao. Katika Malindi ya mwezi wa Aprili, kumpata mwalimu hakukuwa muujiza. Muujiza ungekuwa kumkosa.

Kwa hakika hata mabaharia wa Burton, kwa kumsomea Fatiha mtu ambaye hakuvumbua dira, walikuwa karibu zaidi na ukweli kuliko Ferrand. Wao hawakumhitaji Sheikh Majid kwa ajili ya safari moja ya mwaka 1498. Walimhitaji kwa ajili ya safari ya siku ile.

Maneno ya ufundi wenyewe yamesambaa nchi kavu. *Rubani* amepanda ndege. *Zamu* imekwenda hospitalini na shuleni. *Nahodha* ameingia katika uwanja wa mpira, ambako huvaa kitambaa mkononi. Katika Kiswahili cha leo ni *mwalimu* peke yake ambaye haitwi tena kwa kazi yake ya baharini isipokuwa katika kumbukumbu za wazee wa vyombo. Darasa limemchukua kabisa, na pengine ndiyo sababu wasomaji wengi wa Barros, wakiwemo wanaozungumza Kiswahili tangu utotoni, wamelipita neno *malemo* bila kumsikia anayetajwa.